Upanga na Panga: Istilahi za Silaha na Sanaa ya Mapambano katika Pwani ya Waswahili

1. Utangulizi

Wanaoandika juu ya sanaa za mapambano katika Afrika kwa kawaida hutaja mifano ile ile. Hutajwa takouba, upanga mnyoofu wa Watuareg wa Sahara. Hutajwa kaskara wa Sudani, uliobebwa na majeshi ya Khalifa Abdullahi katika vita vya Omdurman mwaka 1898. Hutajwa shotel wa Ethiopia, uliopindwa mithili ya mundu ili ncha yake iweze kuizunguka ngao ya adui. Katika michezo ya fimbo hutajwa tahtib ya Misri, ambayo mwaka 2016 iliingizwa na UNESCO katika orodha ya urithi wa utamaduni usioshikika. Pwani ya Waswahili haitajwi sana, na hata inapotajwa huelezwa kwa sentensi moja tu, kwamba upanga uliletwa na Waarabu na ukaondoka pamoja na dola yao.

Makala haya yanakusudia kuipima sentensi hiyo kwa ushahidi ulio karibu zaidi na mwanafunzi wa lugha, nao ni msamiati. Silaha ya chuma huliwa na kutu, na mwenye kuitumia hufa. Lakini jina lake, ngeli yake, na vitenzi vinavyoandamana nayo huweza kubaki vinywani mwa watu kwa karne nyingi baada ya chenyewe kutoweka. Yatajadiliwa mambo matatu. Kwanza, jina kuu la silaha hii katika Kiswahili ni la Kibantu, na majina ya kigeni yamekuja kukaa kando yake bila kuliondoa. Pili, Kiswahili kimetenga kwa njia ya ngeli kati ya upanga, ambao ni silaha yenye kanuni zake, na panga, ambalo ni chombo cha kazi. Tatu, kanuni zenyewe hazikufa. Zimehifadhiwa katika misemo na katika ngoma za fimbo ambazo wataalamu wa lugha hawajazipa uzito unaostahili.

2. Tabaka la kwanza: uta, ngao na mkuki

Msamiati wa vita katika Kiswahili una tabaka, kama udongo wa mahali palipokaliwa muda mrefu. Tabaka la chini kabisa ni la Kibantu. Humo mna uta, mshale, mkuki, ngao na rungu. Neno ngao lina ndugu wa karibu na wa mbali: Kiganda kina engabo, na Kinyarwanda kina ingabo. Katika Kinyarwanda neno hilo limepanuka maana, likawa si ngao tu bali pia askari na jeshi. Mwenye kuikinga nchi ameitwa kwa jina la kile anachokingia.

Yafaa pia kutazamwa uta na vita. Maneno haya yana shina lenye umbo lile lile, -ta, na tofauti yake imo katika viambishi vya ngeli. Katika Kikuyu jozi hiyo huonekana vile vile: ũta ni upinde, na ita ni vita au kundi la wapiganaji. Ikiwa mashina hayo ni mamoja, kama umbo lake linavyoashiria, basi kwa wasemaji wa kale vita vilikuwa kwanza mambo ya uta. Historia ya pwani haipingani na ushahidi huo. Wareno walipoishambulia Mombasa mwaka 1505, wenyeji waliwapokea kwa mishale na mawe yaliyoangushwa kutoka juu ya nyumba. Na katika masimulizi ya Fumo Liyongo, shujaa mkuu wa fasihi ya Kiswahili, silaha iliyoshikamana na jina lake ni uta. Hata baada ya kuchomwa kitovuni na mwanawe mwenyewe, masimulizi yanasema kwamba alikufa amepiga goti na uta mkononi, na watu waliogopa kumkaribia kwa muda mrefu wakidhani yu hai.

Hapa inafaa kutoa tahadhari moja. Kiswahili kina fumo mbili: fumo lenye maana ya mkuki wa bapa pana, na Fumo ambalo ni cheo cha watawala wa pande za Pate na Ozi. Ni rahisi kuyaunganisha maneno hayo na kusema kwamba mtawala aliitwa kwa jina la mkuki wake. Lakini Kichewa kina mfumu kwa maana ya mtawala, na Kiganda kina effumu kwa maana ya mkuki. Lugha hizo mbili zinaonyesha kwamba yaelekea hapa pana mashina mawili tofauti, ambayo mabadiliko ya sauti yameyafananisha katika Kiswahili. Mfano huu unatosha kuonyesha kwamba msamiati wa silaha hutoa ushahidi mzuri kwa yule tu anayeusoma kwa kulinganisha lugha.

3. Upanga na wageni wake

Neno upanga nalo ni la tabaka hili la Kibantu. Kichewa kina lupanga na Kibemba kina ulupanga, yote mawili kwa maana ya upanga. Kiambishi lu- cha lugha hizo kinalingana na u- ya Kiswahili katika ngeli ya 11, ngeli ambayo aghalabu huhifadhi vitu virefu na vyembamba, kama vile ufito, uzi, ulimi na ukuti. Kwa hiyo jina hili halikuja kwa jahazi. Wasemaji wa lugha za bara, mbali na Bahari ya Hindi, wanalo pia, na wanalo katika ngeli ile ile. Hoja kwamba watu wa pwani hawakujua upanga hata walipofundishwa na wageni haina msingi katika lugha.

Kilichokuja kwa jahazi ni aina mpya za panga pamoja na majina yake. Jambia limetokana na Kiarabu, katika shina lenye maana ya ubavu, kwa sababu huvaliwa kiunoni. Hanjari nayo ni ya Kiarabu. Kitara ni upanga uliopinda, na jina lake linahusiana na kattara ya Oman. Kamusi za karne ya 19 na za mwanzo wa karne ya 20 zinataja pia upanga wa feleji, ambao ni mrefu, mnyoofu, wenye makali kuwili, na upanga wa imani, ambao ni mfupi, wenye kishikio cha mfano wa msalaba. Neno feleji linalingana na Kiarabu faranj, jina la Wazungu. Ulinganifu huo haushangazi, kwa kuwa panga nyingi zilizovaliwa katika nchi za Bahari ya Hindi zilikuwa na bapa zilizofuliwa Ulaya na kutiwa vipini vya kienyeji.

Mambo mawili yanahitaji kuangaliwa katika orodha hii. La kwanza ni la kimofolojia. Kitara, ingawa ni neno la kukopwa, limepokewa katika ngeli ya KI-/VI- na wingi wake ni vitara, kama vile kitabu kilivyopata vitabu. Silabi ya kwanza ya neno geni imesikika kuwa kiambishi, na neno likapewa uraia. La pili ni la kimaana. Upanga wa feleji na upanga wa imani zimeitwa kwa kichwa cha Kibantu kinachofuatwa na sifa ya kigeni. Msemaji hakuona kwamba amepokea kitu kisichokuwa na jina. Aliona kwamba amepokea aina nyingine ya upanga. Ndivyo watu wasemavyo wanapopokea kitu ambacho jamii yake wanaijua.

Hali ya bara nayo inathibitisha jambo hilo. Sime, upanga mfupi wenye makali kuwili ambao hupanuka kuelekea kwenye ncha, umebebwa na Wamaasai, Wakamba na Wakikuyu. Wamaasai huuita olalem. Jamii hizo hazikuhitaji Waomani kuwafundisha kufua chuma au kukivaa kiunoni.

4. Upanga na panga: kazi ya ngeli

Sasa inafikiwa hoja iliyo kiini cha makala haya. Katika Kiswahili pana upanga, wingi wake panga, na pana panga, wingi wake mapanga. La kwanza ni silaha. La pili ni chombo cha kufyekea msitu, kukatia kuni na kufulia nazi. Mofolojia ya jozi hii ni ya kawaida. Kiambishi cha neno la msingi hudondoshwa, na shina huingizwa katika ngeli ya JI-/MA- ili kuonyesha ukubwa au kutoa maana ya dharau, kama kikapu kinavyotoa kapu, na mkoba koba. Panga, kwa mtazamo huu, ni upanga uliokuzwa na kushushwa daraja kwa wakati mmoja: ni mpana zaidi, ni mzito zaidi, na hauna heshima.

Ni nini kilichoutofautisha upanga na panga machoni mwa msemaji? Urefu hautoshi, maana kuna panga ndefu za shamba. Makali hayatoshi, maana panga la shamba laweza kunyoa. Jibu linaonekana wazi zaidi katika Kikuyu. Lugha hiyo ina kahiũ, kisu, na rũhiũ, ambalo siku hizi hutumika zaidi kwa panga la kazi. Upanga wa vita huitwa rũhiũ rwa njora, na njora ni ala ya kuutilia. Kwa hiyo katika Kikuyu kinachogeuza chuma cha shamba kuwa upanga ni ala. Upanga ni ule ambao una mahali pa kurudishwa.

Kiswahili hakikulisema jambo hilo kwa neno moja, lakini kimelihifadhi katika vitenzi vyake. Upanga hufutwa, yaani huchomolewa katika ala. Panga la shamba halifutwi. Huchukuliwa tu, likiwa wazi, kutoka pembeni mwa nyumba. Kitenzi kufuta katika maana hii kinadai kwamba palikuwa na ala, na kwamba kuutoa upanga nje yake ni tendo lenye uzito linalostahili jina lake. Msomaji asiichanganye ala hii na ala ya muziki, ambalo ni neno jingine, la asili ya Kiarabu. Maneno hayo mawili yamekutana kwa sauti tu.

5. Kukinga, kuepa na kupiga ubapa

Sanaa yo yote ya mapambano hujulikana kwa vitendo vyake zaidi ya vyombo vyake. Mtu asiye na sanaa hupiga tu. Mwenye sanaa hukinga, huepa, hurudi nyuma, huchagua mahali pa kupiga, na aghalabu hujizuia asipige. Kwa hiyo yafaa kuulizwa kama Kiswahili kina maneno ya kujizuia.

Kinayo. Kukinga ni kuzuia pigo kwa ngao, kwa fimbo au kwa mkono, na nomino yake kinga imepanuka hata ikatumika katika tiba na sheria. Kuepa na kukwepa ni kuliacha pigo lipite. Sehemu za upanga zimepewa majina kulingana na kazi zake: mpini ni wa kushikia, makali ni ya kukatia, ncha ni ya kuchomea, na bapa ni ubavu wa chuma usiokata. Kamusi za zamani zimehifadhi usemi kupiga ubapa, yaani kumpiga mtu kwa ubavu wa upanga. Usemi huu ni mdogo lakini una ushahidi mkubwa. Mtu aliyepigwa ubapa ameaibishwa na kuonywa, wala hakukatwa. Mpigaji amemwonyesha kwamba angeweza kumwua na hakutaka. Lugha haitungi usemi maalumu kwa tendo lisilotendwa. Kuwepo kwa usemi huo kunaonyesha kwamba palikuwa na watu waliojua kuugeuza mkono katikati ya pigo, na watazamaji waliojua maana ya kugeuzwa huko.

Methali nazo zimerithi elimu hiyo. Isemwapo kwamba aliyeshika mpini hakatiki, wengi leo hufikiria jembe au siasa. Lakini mfano wenyewe umejengwa juu ya watu wawili wanaovutana kwa chombo kimoja, mmoja akiwa upande wa mti na mwingine upande wa chuma. Methali hiyo ni somo la mapambano kabla ya kuwa somo la madaraka.

6. Mafunzo, hadhi na dhuluma

Ushahidi wa lugha unaungwa mkono na maandishi machache yanayotaja mafunzo yenyewe. Lililo wazi kuliko mengi ni la Sayyida Salme binti Said, aliyezaliwa Unguja mwaka 1844, na ambaye baadaye alijulikana kwa jina la Emily Ruete. Katika kumbukumbu zake, zilizochapishwa kwa Kijerumani mwaka 1886, anaeleza kwamba utotoni, alipokaa katika nyumba ya nduguye Majid, alifunzwa kutumia upanga, jambia na mkuki, pamoja na bunduki na bastola. Majid ndiye aliyekuja kuwa Sultani mwaka 1856. Habari hii ina thamani mbili. Yaonyesha kwamba kutumia upanga kulikuwa somo lenye kufundishwa, wala si ujasiri wa kuzaliwa nao tu. Na yaonyesha kwamba angalau katika jumba moja somo hilo halikufungiwa wavulana.

Hata hivyo, haifai kudhani kwamba upanga wa zamani ulikuwa mpole. Katika Unguja ya karne ya 19, jambia na upanga vilikuwa alama za hadhi kwa sababu si kila mtu aliruhusiwa hadhi hiyo. Uchumi wa karafuu ulitegemea watumwa, na silaha za waungwana zilikuwa miongoni mwa vitu vilivyoulinda utaratibu huo. Kanuni za upanga zilimhusu mtu aliye sawa na mwenye upanga. Asiye sawa naye hakupewa nafasi ya kukinga. Mtafiti anayesifu adabu ya silaha bila ya kutaja nani aliachwa nje ya adabu hiyo atakuwa amesoma nusu ya ushahidi.

Jambo hili ndilo linaloeleza kwa nini sanaa ya upanga, kama ilivyokuwa ya waungwana, haikuweza kudumu kama ilivyo. Bunduki iliiondolea kazi yake, na mabadiliko ya kijamii yaliiondolea heshima yake. Iliyodumu ni sanaa nyingine, ya watu wa kawaida, iliyoshika fimbo badala ya chuma.

7. Fimbo iliyorithi upanga

Huko Oman, ngoma ya razha huchezwa na wanaume wenye panga. Watu wawili hutoka katikati na kupambana kwa upanga na ngao ndogo, na ushindi ni wa kumgusa mwenzio bila ya kumjeruhi. Sanaa ya al-Azi, inayounganisha utungaji wa mashairi na mwendo wa panga, iliingizwa katika orodha ya UNESCO mwaka 2012. Waomani waliohamia Unguja walikuja na desturi za namna hiyo. Lakini upande wa Waswahili kuna mchezo unaostahili kuchunguzwa kwa sababu zake wenyewe, nao ni kirumbizi.

Kirumbizi huchezwa Lamu wakati wa harusi na wa Maulidi, na hujulikana pia katika visiwa vya Pemba na Unguja. Ngoma na zumari hupigwa, wanaume huweka duara, na wawili huingia kati wakiwa na fimbo. Mmoja hutafuta mwanya wa kupiga, mwenzake hukinga, kisha zamu hugeuka. Mdundo ndio unaotawala hatua zao, na macho ya duara ndiyo yanayoamua nani amezidi. Anayepiga kwa hasira ameharibu mchezo, hata kama pigo lake limefika. Yote yaliyotajwa katika sehemu ya 5, kukinga, kuepa, kuzuia mkono, huonekana hapa yakitendwa. Kwa mtazamo huu kirumbizi kinaweza kuitwa kamusi inayochezwa.

Makunduchi, kusini mwa Unguja, desturi ya Mwaka Kogwa inatoa mfano mwingine. Mwaka wa jua unapogeuka, kwa hesabu ya Nairuzi iliyotoka Uajemi, wanaume wa pande mbili za mji hukabiliana na kupigana. Zamani walitumia fimbo, na siku hizi hutumia migomba. Kibanda huchomwa moto, wanawake huimba, na chuki za mwaka uliopita huhesabiwa kuwa zimekwisha. Mapigano hayo yana mahali pake, siku yake, chombo chake, na mwisho wake. Aliyekuwa na kinyongo amepewa nafasi ya kukitoa mbele ya watu, na baada ya hapo hana ruhusa ya kukirudia. Kwa maneno mengine, ugomvi umefutwa katika ala yake na kurudishwa humo.

Ni muhimu kuona kwamba migomba imechukua mahali pa fimbo, kama fimbo yenyewe ilivyochukua kazi ya upanga katika michezo ya namna hii. Kila mara chombo kimepunguzwa ukali, ilhali kanuni zimebaki. Hili ni kinyume kabisa cha kilichotokea kwa panga.

8. Upanga katika tendi

Fasihi andishi nayo ilichangia kuhifadhi kanuni hizo. Utenzi wa Tambuka, unaojulikana pia kama Chuo cha Herekali, ulitungwa Pate na Bwana Mwengo wa Athumani mwaka 1728. Utenzi wa Rasi ’lGhuli wa Mgeni bin Faqihi, wa karne ya 19, ni miongoni mwa tendi ndefu kuliko zote za Kiswahili. Katika tendi za namna hii vita havianzi kwa kukatana. Shujaa hutoka mbele ya safu, hujitaja jina na nasaba, hujigamba, humwita mpinzani wake kwa jina, na mpinzani hujibu. Ndipo panga hufutwa.

Asili ya mtindo huu ni visa vya Kiarabu vya vita vya Mtume, na hakuna haja ya kuukana ukweli huo. Lakini hadhira iliyoupokea haikuwa tupu. Majigambo na majibizano yalikuwa yakiishi katika ushairi wa pwani. Mashairi ya Muyaka bin Haji wa Mombasa (1776–1840), aliyeutetea mji wake katika ugomvi na Lamu na Unguja, ni mapambano ya aina hiyo, ya kupiga na kukinga kwa maneno. Msikilizaji wa tendi alifundishwa kwamba kabla ya upanga huja neno, na kwamba mpinzani ana jina. Panga la shamba linapoinuliwa juu ya mtu, hakuna kujitaja wala kumtaja mwingine.

9. Hitimisho

Ikiwa uchambuzi huu una ukweli, basi sentensi iliyotajwa mwanzoni yafaa kuandikwa upya. Upanga haukuletwa na Waarabu. Zililetwa aina mpya za panga, zikapokewa katika lugha iliyokuwa tayari na jina na ngeli ya silaha hiyo. Wala upanga haukuondoka bila ya kuacha kitu. Umeacha vitenzi vyake, majina ya sehemu zake, misemo yake, na ngoma zake.

Hata hivyo hali ya sasa si ya kuridhisha. Neno panga ndilo lililoshinda. Limekopwa hata na Kiingereza cha Afrika Mashariki, na katika usemi wa kila siku wengi hawatengi tena kati yake na upanga. Katika machafuko yaliyofuata uchaguzi mkuu wa Kenya wa Desemba 2007, zaidi ya watu 1,100 walipoteza maisha, wengine kwa risasi, wengine kwa mishale, wengine kwa mapanga. Ilikuwa mauaji ya jirani kwa jirani, kwa chombo kilichotoka nyuma ya nyumba, kisicho na ala. Haiwezekani kudai kwamba watu wangeokolewa na tofauti ya ngeli. Lakini yaweza kusemwa kwamba lugha iliyokuwa na maneno mawili ilijua jambo moja ambalo lugha yenye neno moja huelekea kulisahau: kwamba kuinua chuma juu ya mtu si tendo moja na kukiinua juu ya kichaka.

Kwa hiyo kazi tatu zinawangojea wataalamu. Ya kwanza ni ya wanakamusi. Maingizo ya upanga na panga yatengwe waziwazi kwa maana na kwa ngeli, na misemo kama kufuta upanga na kupiga ubapa irudishwe mahali pake pamoja na maelezo. Ya pili ni ya wakusanyaji. Wachezaji wa kirumbizi wa Lamu na Pemba wana istilahi za hatua, za mapigo na za kinga ambazo zastahili kurekodiwa kutoka vinywani mwao, tena fimbo zikiwa mikononi, kwa sababu istilahi ya mwendo haielezeki vizuri mtu akiwa ameketi. Ya tatu ni ya walimu. Bendera ya Kenya ya mwaka 1963 imechora ngao na mikuki miwili kwa maana ya kulinda, na kila mwanafunzi huiona kila asubuhi. Ni haki yake kuelezwa kwamba lugha yake pia ina elimu ya kulinda, na kwamba sehemu kubwa ya elimu hiyo ni kujua wakati wa kuurudisha upanga alani.